Malezi ya Watoto Wakaao Mikononi mwa Watu Wengine

Maneno ya mwalimu wa dini kwa waumini na walimu wa Misigiri, katika mwaka wa yubilei



Nimepewa saa moja ya kusema habari za watoto. Kazi hii nimepewa mimi, nadhani, kwa sababu katika baraza la parokia mwezi uliopita wenzangu wote walisema nami nikanyamaza, na mwenyekiti akakuona kunyamaza kwangu. Shauri lililokuwa mbele yetu mwalijua. Yubilei ya jimbo yataka ukumbusho, na watu wengi wa hapa wamependa ukumbusho wetu uwe nyumba ya kulelea mayatima, nyumba kubwa yenye vitanda 40, itakayosimama kando ya barabara kuu ili wapitao waione. Matofali yamekwisha chomwa. Mimi mwenyewe nilikesha siku mbili kwenye tanuru nikichochea kuni, kwa hiyo mtu asiniambie ya kuwa nasema kama asiyechafua mikono yake. Leo nitawaambia kwa nini nilinyamaza, tena nitawaomba mlitazame shauri hili upya kabla msingi haujachimbwa.

Haja ya watoto siikatai. Misigiri yetu ni njia panda. Malori yaendayo Nzega na Mwanza na hata Rwanda hupita hapa mchana na usiku, na hapa ndipo njia ya Kiomboi inapoachana na barabara kuu. Penye njia panda watu hukutana, hukaa kidogo, huondoka. Na mara nyingi nyuma yao hubaki mtoto. Kule Sekenke, ambako Wajerumani walichimba dhahabu kabla ya vita kuu ya 1914, hata leo watu huchimba, na mchimbaji huhama kila asikiapo habari ya shimo jipya. Ongezeni maradhi, na miaka ile ambayo mvua hutupita. Kila mwalimu aliye hapa aweza kuniandikia sasa hivi majina ya watoto watano au sita wa darasa lake ambao haijulikani vema ni nani aliyewapikia jana. Haja ipo. Ninaloliuliza ni hili: je, dawa yake ni vitanda 40 ndani ya ukuta?

Nianze na kosa langu, maana ndilo lililonifunga kinywa.

Yapata miaka 12 iliyopita alikuwako bibi mmoja katika kigango nilichokuwa nikihudumu. Binti yake alifariki akamwachia watoto wawili, mvulana wa miaka sita na msichana asiyeacha bado ziwa. Baba yao hakujulikana aliko. Bibi alikuwa na shamba la mtama na uwele, mbuzi watatu, na mguu mmoja mbovu. Nilipofika kwake nikaona mtoto hana viatu, shati lake limebaki ukosi na mikono, na nyumba yavuja. Nikajiambia, mtoto huyu anaangamia. Nilikuwa nimesikia habari za makao ya watoto katika mji mmoja wa mbali. Sitayataja, wala mji wake, kwa kuwa lawama si yao. Nikaandika barua. Wakajibu ya kwamba mvulana watampokea, bali mtoto mchanga hawamwezi. Basi nikamwendea bibi. Mara ya kwanza alikataa. Mara ya pili alinyamaza. Mara ya tatu akasema, "Mwalimu, wewe umesoma," akatia dole gumba katika karatasi. Siku ile maneno hayo yalinipa fahari. Leo siwezi kuyakumbuka bila kuinamisha uso.

Nilikaa karibu miaka miwili bila kwenda kumtazama mtoto, kwa kuwa nilidhani kazi yangu imekwisha. Hata nilipokwenda, nikamkuta amenawiri, anajua kusoma, ana viatu miguuni. Watoto wote wakapangwa mstari wakaniimbia wimbo wa wageni, naye akaimba pamoja nao, wala hakunijua. Nikamwita kando nikamsalimu kwa Kinyiramba. Akanitazama tu, lugha ya bibi yake ilikuwa imemtoka. Kisha akaniuliza kwa Kiswahili, "Bibi alikufa lini?" Hakuna mtu aliyemwambia ya kuwa bibi amekufa. Ila kwa miaka miwili hakumwona wala hakuletewa neno lake, basi akajijibu mwenyewe, kama watoto wajijibuvyo. Nikaomba nionyeshwe karatasi zake. Katika ile ya juu imeandikwa, "Yatima, hana ndugu." Na mwandiko ule, ndugu zangu, ulikuwa wangu. Nilikuwa nimeandika hivyo ili wamhurumie upesi.

Kumrudisha hakukuwa kazi ya siku moja. Nilikwenda kwa Afisa Ustawi wa Jamii nikamweleza yote, akanikemea kwa haki, kisha akanisaidia. Wenyewe wa makao hawakuleta kizuizi. Walifurahi kujua ya kuwa mtoto ana kwao. Bibi alipelekwa kumwona mara mbili kabla ya mtoto kurudi. Wala msifikiri ya kuwa aliporudi palikuwa na vigelegele tu. Usiku alilia, maana alizoea taa na wenzake ishirini chumbani. Uji wa uwele aliukataa. Dada yake, ambaye sasa anatembea na kusema, alimwogopa kama mgeni. Ilichukua msimu mzima wa kilimo kabla ya mimi kuwaona watoto wale wawili wakigombania kigoda kimoja kama ndugu.

Baadaye nikaketi nikahesabu. Bibi yule alikosa nini tangu mwanzo? Mabati kumi ya paa. Dawa ya mguu. Mtu wa kumlimia ekari moja wakati wa mvua. Sare ya shule na madaftari. Nikaulizia gharama ya mtoto mmoja katika makao kwa mwaka mmoja, chakula na mishahara ya walezi na ulinzi na kuni, nikaona ya kuwa fedha ile ingalitosha vitu hivi vyote na salio likabaki. Tulimwondoa mtoto kwa bibi yake kwa sababu ya mabati kumi!

Najua walimu wataniuliza, Je, misheni hazikulea watoto tangu mwanzo? Zililea, tena kwa gharama kubwa. Askofu Tozer wa misheni ya Waingereza alipofika Unguja mwaka 1864, Sultani Majid alimpa wavulana watano waliokamatwa katika jahazi la watumwa, na hao ndio waliokuwa wanafunzi wa kwanza. Mmoja wao, John Swedi, alipewa ushemasi mwaka 1879. Mapadre wa Roho Mtakatifu walivuka kutoka Unguja wakafungua Bagamoyo mwaka 1868, wakakusanya watoto waliokombolewa utumwani, wakawafundisha kusoma, useremala na kilimo. Kimbunga cha mwaka 1872 kikabomoa majengo yao, nao wakaanza upya. Huko Mombasa palijengwa Freretown mwaka 1875 kwa ajili ya watu walioachiwa kutoka majahazini. Huko Mbweni, nje kidogo ya mji wa Unguja, wasichana walikuwa na shule yao, na Bibi Caroline Thackeray aliisimamia kwa miaka mingi tangu 1877.

Lakini wafikirini watoto wale. Mmoja ametoka Nyasa, mwingine Manyema, mwingine katika nchi ya Wayao. Amesafirishwa miezi akiwa mdogo, hajui jina la kijiji chao, na kijiji chenyewe labda kimekwisha chomwa moto. Mtoto huyo angepelekwa wapi? Mlango wa kwao ulikuwa umefungwa na watu wabaya, na mlango wa misheni ndio uliobaki. Hata hivyo haikuwa rahisi. Mababa wa Bagamoyo walitumaini ya kuwa watoto wakikua wataoana na kufanya vijiji vya Kikristo, na vijiji hivyo vilifanyika. Walakini watu wa vijiji hivyo walibaki kama kisiwa kati ya majirani wasio ukoo wao. Sisi tumerithi jengo lile katika fikira zetu. Tukisikia neno yatima, mara moja tunaona ukuta, lango, na kengele ya chakula. Bali mtoto wa Misigiri hakutoka katika jahazi. Bibi yake yupo Kinampanda, mjomba wake yupo Shelui, na shangazi anauza vitunguu stendi.

Sasa niseme habari za mbali kidogo, kwa kuwa wapo walimu hapa na hawaridhiki na hadithi ya mtu mmoja. Baada ya vita ya pili, Shirika la Afya Duniani lilimwomba daktari mmoja Mwingereza, John Bowlby, achunguze hali ya watoto waliopoteza makwao. Taarifa yake ilitoka mwaka 1951. Alionyesha ya kuwa mtoto mdogo hahitaji maziwa na kitanda safi tu. Ahitaji mtu mmoja, yule yule, aliye wake. Wengi walisikia, wengine wakasema ni maneno ya kitaalamu tu. Baadaye utawala wa Ceauşescu katika nchi ya Romania ulipoanguka mwezi Desemba 1989, ulimwengu ukaona nyumba za Serikali zenye watoto zaidi ya 100,000, wengi wao wakiwa na wazazi walio hai. Mwaka 2000 wataalamu wa Marekani walianza uchunguzi katika mji wa Bucharest. Walichukua watoto wadogo 136 waliokuwa katika nyumba hizo, wakapiga kura. Nusu wakapelekwa kulelewa katika jamaa zilizochaguliwa na kufundishwa, nusu wakaachwa katika malezi yaliyokuwapo. Kisha wakawafuata mwaka baada ya mwaka. Wale waliokwenda katika jamaa walizidi wenzao katika akili, na katika kushikamana na mtu anayewalea. Na waliotoka kabla ya kutimiza miaka miwili ndio waliopata nafuu iliyo kubwa zaidi.

Sababu yake kila mama aliye hapa aijua bila kuchunguza. Mtoto mchanga akilia, mtu huja. Akilia tena, huja yule yule, mwenye harufu ile ile na sauti ile ile. Hivyo mtoto hujifunza ya kuwa kilio chake kina maana, na juu ya fundisho hilo la kwanza hujengwa mengine yote, hata kusema, hata hesabu za darasani. Bali katika nyumba ya watoto wengi walezi hupokezana zamu. Wa asubuhi ana watoto kumi na watano, wa jioni ni mwingine, na mwaka ujao wote wawili wamepata kazi mahali pengine. Walezi hao si wabaya. Nimewajua wengine wenye upendo mwingi kupita mimi. Ila mikono ni miwili. Tena mtamwona mtoto wa nyumba hizo akimkimbilia kila mgeni na kumkumbatia, wageni hufurahi, husema, "Tazameni walivyo na mapenzi!" Mtoto wa kwetu aliye na mama yake, akimwona mgeni, kwanza hujificha nyuma ya kanga ya mama. Yule anayemkumbatia kila mtu anatafuta.

Hata hapa karibu tumeona. Baada ya mauaji ya watu wenye ualbino ya miaka ya 2007 na 2008, watoto walikusanywa katika shule na vituo ili walindwe, na Buhangija, karibu na mji wa Shinyanga, ilijaa. Hakuna mtu mwenye haki awezaye kulilaumu jambo hilo, maana ukuta ule uliokoa roho za watu. Lakini miaka ikapita, hatari ikapungua, na watoto wengine wakawa hawajatembelewa na jamaa zao hata mara moja. Kinga ya siku ya hatari iligeuka kuwa maisha. Kuingiza mtoto ni kazi ya siku moja. Kumtoa, kama nilivyoona mwenyewe, ni kazi ya miaka.

Je, ninasema ya kwamba ndugu wote ni wema? Hapana, nami sitaki mtoke hapa na uongo huo. Kwa Wanyiramba wa zamani mjomba alikuwa na neno kubwa juu ya mtoto wa dada yake, na mtoto hakukosa mahali. Ndiyo. Lakini wajomba wa siku hizi twawajua. Yuko amchukuaye mtoto wa marehemu pamoja na ng'ombe wa marehemu, na baada ya mwaka ng'ombe wapo, mtoto hana daftari. Yuko ampaye mtoto kazi ya kuchunga siku ambazo watoto wake mwenyewe wapo shuleni. Na mabasi yaendayo Dar es Salaam, nani asiyejua yanabeba nini kila Januari? Wasichana wetu wa miaka kumi na miwili, kumi na mitatu, wanapelekwa kuwa watumishi wa nyumbani, na yule awapelekaye hujiita shangazi. Kwa hiyo nikisema mtoto akae na jamaa, sisemi tumtupe huko tukafunge mlango. Jamaa yataka kusaidiwa, tena yataka kutazamwa.

Sheria ya nchi yasema mambo yayo hayo. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 yamhesabu kila aliye chini ya miaka 18 kuwa mtoto, na Zanzibar nayo ilitunga ya kwake mwaka 2011. Sheria hiyo yaweka wajibu juu ya halmashauri kuwalinda watoto wa mahali pake, na juu ya mwanajamii yeyote, mimi na wewe, kutoa habari tukijua ya kuwa mtoto anaonewa au ametupwa. Yako malezi ya kambo katika jamaa isiyo ya damu, chini ya uangalizi wa Ustawi wa Jamii. Yako kuasili mtoto kwa amri ya mahakama. Na yako makao ya watoto, ambayo hayafunguliwi kwa moyo mwema tu bali kwa leseni. Mwezi Desemba mwaka ule ule 2009 Umoja wa Mataifa ulikubali mwongozo wa malezi mbadala, na katika mwongozo huo limo neno ambalo laiti ningalilijua mapema: umaskini peke yake usiwe sababu ya kumwondoa mtoto kwao. Tena ndugu wasitenganishwe bila sababu kubwa, na watoto walio chini ya miaka mitatu walelewe katika jamaa. Nami nilivunja mambo yote mawili ya kwanza kwa barua moja.

Simu ya kutoa habari za watoto ni 116, haina malipo. Walimu, iandikeni ubaoni.

Basi, wako watoto ambao hawana budi kukaa katika makao kwa muda. Mtoto aliyeokotwa, ambaye jamaa yake haijapatikana. Mtoto ambaye aliyemwumiza yumo katika nyumba ya kwao. Watoto hao wapo leo katika makao mbalimbali ya mkoa wetu, nasi tukienda kuwaona tunakwendaje? Tunakwenda Krismasi, watu thelathini kwa basi, na biskuti, na sabuni, na simu za kupiga picha. Tunapiga picha nyuso za watoto tusiowajua majina, jioni tunarudi tumefurahi. Nauliza: ninyi mngependa wageni thelathini waingie kwenu na kuwapiga picha watoto wenu wakila?

Yafaa zaidi mtu mmoja. Mama mmoja amchukue mtoto mmoja, kwa ruhusa ya wakuu wa makao na ya Afisa Ustawi, amwendee kila mwezi, yeye yule, mwaka huu na mwaka ujao; akumbuke jino lililong'oka mwezi uliopita. Kama hawezi kudumu, afadhali asianze. Tena asaidie kuhifadhi habari za mtoto: alizaliwa wapi, mama yake aliitwa nani, lugha gani ilisemwa kwao, nani alikuwa jirani. Cheti cha kuzaliwa kitafutwe mapema. Mtoto asiye na karatasi akitimiza miaka 18 hutoka langoni akiwa hana hata jina la kujithibitisha. Na huko nje yamngoja mambo tusiyofikiri. Kijana aliyelelewa katika makao alipata kuniambia ya kuwa hajawahi kununua chumvi. Alijua hesabu za kidato cha nne, ila hakujua chumvi ni bei gani, wala namna ya kumwomba jirani moto. Chakula kilikuja sahanini, kila siku, kutoka mahali asipopaona. Watoto hao waende sokoni, wapike, walime, wagombezwe na mwenye duka kama wengine.

Kwenu walimu nina neno fupi, maana ninyi mwawaona watoto saa nyingi kuliko sisi sote. Tangu Januari 2016 ada ya shule ya msingi na sekondari ya chini imeondolewa katika shule za Serikali, hata kidato cha tano na sita tangu 2022, lakini sare na madaftari na chakula bado vyamzuia mtoto wa bibi. Msimrudishe nyumbani kwa ajili ya sare. Msimwite "mtoto wa kituo" mbele ya darasa, ana jina. Mkisema, "Kesho kila mtu aje na mzazi wake," kumbukeni yule ambaye usiku huo hatalala. Na mtoto asinziaye darasani, kabla ya fimbo, aulizwe aliamka saa ngapi, na kwa kazi gani.

Katika mafundisho ya dini mimi huwasimulia watoto habari za Musa katika kisafina, na kwa miaka mingi nilizisimulia vibaya. Nilikaza habari ya binti Farao na jumba lake. Siku moja msichana mmoja akauliza, "Mwalimu, nani alimnyonyesha?" Jibu mwalijua: mama yake mwenyewe, naye akapewa mshahara kwa kazi hiyo. Binti Farao alikuwa na mali za kutosha kujenga nyumba ya kulelea watoto wa Waebrania wote, lakini kwa mtoto yule alifanya lililo bora, alimlipa mama. Na Samweli, aliyekaa Shilo tangu utoto wake, mama yake alimpelekea kanzu ndogo kila mwaka. Ninyi washonaji mwaelewa. Huwezi kumshonea mtu kanzu usipojua amekua kadiri gani.

Sasa narudi kwenye matofali. Wako watakaosema, "Mwalimu, mfadhili hatoi fedha kwa paa la bibi. Hutoa kwa jengo, kwa kuwa jengo lina kibao cha jina lake." Ni kweli, nami najua ugumu wa kumwandikia mfadhili ya kuwa fedha yake imekuwa mabati kumi na dawa ya mguu. Lakini matofali haya tumechoma sisi kwa kuni zetu. Hakuna mfadhili ndani yake. Naomba yagawanywe kwa nyumba za mabibi na wajane walio na watoto wasio na wazazi, tuanze na zile zinazovuja zaidi. Vikundi vya jumuiya vilime ekari moja kwa kila bibi kabla ya kulima ya kwao, mvua za kwanza. Walio na haki ya kuandikwa katika mpango wa TASAF wasaidiwe kuandikwa, maana wengi hawajui kwa kwenda. Na wenye nyumba za nafasi na mioyo mizuri, wawili au watatu, wakajiandikishe kwa Afisa Ustawi, ili ikitokea mtoto ameachwa usiku hapa njia panda, apate kitanda katika jamaa, si katika ofisi ya polisi. Jambo hili ni la baraza kuamua, si langu. Mimi nimesema niliyonyamazia.

Wengine mtataka kujua yule kijana yuko wapi sasa. Ana miaka 18. Kama yumo humu ndani au hayumo, msiniulize. Amekwisha kutazamwa na wageni kiasi cha kutosha.

Karani wa parokia atakaa hapo mlangoni na madaftari mawili. Katika la kwanza yaandikwe majina ya nyumba zenye watoto hao, na jina la mtu mzima anayelala nao, wala si majina ya watoto peke yake. Katika la pili waandike walio tayari kuitembelea nyumba moja kila mwezi. Jina langu limekwisha kuandikwa katika la pili, na nyumba yangu ni ya bibi yule. Yu hai. Mguu wake haujapona, na upande wa jikoni paa yataka mabati manne.